Duvi Ana Mikono Miwili

Mmeniomba niandike "jambo la kuwatia moyo" vijana wanaoanza kazi ya maabara. Nashukuru sana. Nimegundua kwamba watu humkumbuka mstaafu na hekima yake wiki chache baada ya kumnyang'anya ufunguo. Basi wekeni simu chini, au endeleeni kuzishika kwa kuwa ndiko mnakonisomea, niwaeleze jinsi nilivyoharibu mfupa mmoja kwa ustadi wa miaka thelathini na minne.

Jina langu ni Mama Wakesho, Mtaita wa milimani. Nilikuja Kampala kumfuata mume aliyepata kazi ya ukarani. Mume alishindwa na mvua za hapa akarudi Voi, mimi nikabaki na kazi. Kazi yenyewe ilikuwa kukata mifupa katika maabara ya chuo kimoja upande wa Mulago. Chuo sikitaji, maana bado hunitumia kalenda kila Krismasi. Miaka mingi nilikata mifupa ya wagonjwa, vipande vyembamba kuliko ngozi ya kitunguu, madaktari wakaangalia kwenye hadubini na kutikisa vichwa. Miaka minane ya mwisho nilikata mifupa ya kasa wa baharini. Ndiyo, baharini, na hapa ni Kampala. Anayetaka kutafuta bahari kwenye ramani ya Uganda atafute, nitamsubiri.

Aliyetuletea baraka hiyo ni Profesa wetu. Alialikwa kwenye mkutano pwani ya Kenya, akarudi na kanga mbili za mkewe na wazo moja. Watu wa huko, wanaolinda fukwe na kuokota kasa waliokufa, walikuwa na mifupa na hawakuwa na wa kuikata. Sisi tulikuwa na msumeno na hatukuwa na mfupa wa maana. Basi mifupa ikapewa kibali, ikapanda basi, ikavuka mpaka ikiwa na karatasi nyingi kuliko mimi nilivyovuka.

Majirani zangu wa Kyambogo walinipenda kwa kazi ile. Mmoja aliniuliza kama tunabakisha nyama. Mwingine aliuliza kama mafuta yake yanatibu magoti. Mchungaji wangu, mtu msomi, alinivuta kando baada ya ibada akaniuliza swali lile lile la magoti, kwa Kiingereza.

Sasa niwajulishe kwa duvi mwenyewe, maana najua mmesoma shahada nzima bila kukutana naye. Duvi ni kasa mwekundu-kahawia mwenye kichwa kikubwa kupita kiasi, na taya za kuvunjia kaa na konokono wa baharini kama ninyi mnavyotafuna karanga. Anapumua hewa kama wewe. Akinaswa kwenye wavu wa kuvulia kambamiti unaokokotwa chini kwa muda mrefu, hafi kwa jeraha, anafia majini kwa kukosa pumzi. Jike hutaga mchangani, akarudi baharini bila kuangalia nyuma. Mchanga ukiwa moto watatoka majike, ukiwa wa ubaridi watatoka madume. Vitoto vikitoka hufuata mwangaza wa maji, na binadamu kwa wema wake amejenga hoteli yenye taa kali upande wa pili, basi vinakwenda hotelini. Jike aliyebahatika kukua, baada ya miaka mingi sana, hurudi kutaga pande zile zile alikozaliwa.

Miaka mingapi? Hapo ndipo wenye vyeo walipokuwa wakigombana. Kama duvi anakomaa upesi, linda mayai, kazi imekwisha. Kama anachukua miaka kama ya binadamu, basi kila jike anayekufa wavuni ni hasara ambayo huwezi kuilipa kwa kulinda mayai, na itabidi wenye meli waguswe kwenye nyavu zao, jambo ambalo wenye meli hawalipendi. Kasa haulizwi umri wala hana cheti. Umri wake umo ndani ya mfupa wa mkono, sehemu nyembamba ya katikati. Kila mwaka mfupa huweka pete moja. Unakata, unauweka kwenye asidi mpaka ulainike kiasi, unachonga kipande chembamba, unakipaka rangi, unahesabu. Rahisi kama kupika ugali, kwa anayejua ugali.

Aliyenifundisha kazi ni Ssalongo. Hilo si jina lake, ni heshima ya Waganda kwa baba wa mapacha, na yeye alikuwa na jozi mbili, kwa hiyo hakuna aliyethubutu kumwita vingine. Kiswahili chake alikiokota jeshini, akakitumia kama jeshini. Wiki yangu ya kwanza aliniona naandika majina kwenye slaidi, vile vioo vya kuwekea vipande, kwa kalamu ya wino, mwandiko mzuri wa shule ya misheni.

"Wewe naandika na peni?" akaniuliza.

"Ndiyo, Ssalongo."

"Sawa. Hakuna shida. Kesho utaona."

Kesho yake niliona. Slaidi huoshwa kwa spiriti, na spiriti hula wino. Nilikuwa na slaidi ishirini safi kabisa, zisizo na mwenyewe. Ssalongo hakunikemea. Alinipa penseli, akakaa kwenye kigoda akila mogo, yaani muhogo, akanitazama nikirudia mifupa ishirini kutoka mwanzo. Ninyi mnabandika lebo zinazotoka kwenye mashine, hongereni. Mashine ikikosa karatasi mtanitafuta.

Kitu kingine alichonifundisha ni asidi. "Asidi hapana jua sikukuu," alikuwa akisema. Ukiuweka mfupa humo, wewe ni mlinzi wake. Unauchoma kwa sindano kila baada ya muda, ikiingia kwa upole unautoa. Ukiuacha ukaenda kunywa chai ndefu, utarudi kukuta uji. Nimewafundisha hayo vijana wengi, nikiwa nimekunja uso, kidole juu. Nilikuwa mkali sana kwa makosa ambayo sikuwa nimeyafanya bado.

Basi akaja Furaha.

Furaha Mkongomani wa Bukavu alifika Kampala akiwa mkimbizi, akamaliza shule hapa akiuza vitenge na shangazi yake kule Nakivubo. Alitaka kusomea samaki wa Ziwa Kivu, ziwa la kwao. Lakini ufadhili uliokuwepo ulikuwa wa mifupa ya kasa, na ufadhili hauulizi unapenda nini. Akajikuta anaandika tasnifu juu ya mnyama asiyewahi kumwona, wa bahari asiyowahi kuifikia, katika mji usio na vyote viwili. Hakulalamika. Jumamosi aliuza vitenge, siku nyingine alikaa hadubinini mpaka macho yakawa mekundu, na kila slaidi niliyompa aliipokea kwa mikono miwili.

Mifupa yake ilikuwa kumi na mitatu. Kumi na miwili ilikuwa ya kasa wadogo. Wa kumi na tatu ulikuwa wa jike mkubwa, aliyekutwa ufukweni na alama za wavu shingoni na mayai tumboni. Huyo ndiye aliyekuwa tasnifu yote. Pete za wadogo zinakwambia jinsi duvi anavyokua. Kukuambia lini duvi anakuwa mama, lazima umkate mama. Na ufadhili wa Furaha ulikuwa unakwisha miezi minne baadaye.

Niliuacha mfupa huo mwisho, kwa heshima. Ijumaa niliyoupangia, umeme ukakatika. Jenereta ilikuwepo lakini ilikuwa ya majokofu na ya kiyoyozi cha Profesa. Msumeno ukalala. Na mimi kesho yake nilitakiwa Masaka kwenye kwanjula ya binti wa jirani, ile sherehe ya kumtambulisha mchumba ukweni. Jirani alikuwa na upungufu wa mashangazi, akaniazima. Nilishashona gomesi, lile vazi la sherehe la Waganda, ya zambarau yenye mkanda wa kung'aa. Mtu hawezi kushona gomesi ya zambarau halafu akose kuonekana.

Sasa sikilizeni jinsi akili ya mtu mzoefu inavyofanya kazi. Mgeni angesubiri umeme. Mimi nilijua njia. Zamani, kwa mifupa midogo ya wagonjwa, tuliweza kuutumbukiza mzima kwenye asidi, ukalainika, ukaukata kwa wembe bila msumeno. Nikautumbukiza mfupa wa jike mzima, katika asidi kali kuliko ya kawaida ili uwahi, nikapanga kupita Jumamosi alfajiri kuutoa kabla ya safari. Niliandika jina lake kwa penseli, vizuri kabisa.

Jumamosi alfajiri gari la mashangazi lilikuja mapema kuliko lilivyoahidi, jambo ambalo halijawahi kutokea Kampala na halitatokea tena. Nikaingia. Masaka mvua ikanyesha, bwana harusi akachelewa, gari likaharibika kurudi. Jumatatu ilikuwa sikukuu, na funguo za jengo alikuwa nazo mlinzi aliyekwenda kwao. Jumanne asubuhi nilifungua kopo. Mmewahi kuona matoke yaliyosahauliwa jikoni? Nilijaribu kuunyanyua kwa kibanio, ukakatika wenyewe, ukashuka chini taratibu. Nilikaa kwenye kigoda cha Ssalongo nikiwa bado na rangi ya sherehe kwenye kucha.

Saa sita Profesa akapiga simu. "Mama Wakesho, yule mkubwa ana ngapi?"

"Ishirini na sita," nikasema.

Msiniulize ilitoka wapi. Nadhani ni namba ya mlango wangu. Profesa akafurahi, akasema ndivyo alivyokuwa akitarajia. Maprofesa hutarajia kila kitu baada ya kukisikia. Jioni ile ishirini na sita ilikuwa imeshaingia kwenye slaidi zake za mkutano, ikiwa na mchoro na mshale.

Nilikaa nayo siku mbili. Nitawaambia ukweli, sikuumia sana kwa ajili ya sayansi. Nilijiambia nani atakuja kuhesabu, duvi mwenyewe? Nilikuwa na miaka sitini na mitatu, nafanya kazi kwa mkataba wa mwaka mmoja mmoja, na mkataba mpya ulikuwa njiani. Barua moja ya kosa kama lile ingetosha kuusimamisha. Nilikuwa na hofu, na nilikuwa na aibu. Aibu ndiyo iliyokuwa kubwa.

Alhamisi Furaha akaja amevaa nguo ya kanisani. Alitaka kupiga picha ya slaidi ya jike kwa ajili ya ukurasa wa mbele.

"Mama, unionyeshe basi," akasema. "Profesa ananiambia ni ishirini na sita. Nataka nione na macho yangu ile pete ya mwisho, mbele ya kuandika."

Nikamwambia slaidi bado inakauka.

"Nitangoja tu."

Akakaa. Akatoa kitabu chake, akafungua, akaweka kalamu pembeni. Alikuwa tayari kungoja mpaka slaidi isiyokuwepo ikauke. Nilipangusa meza iliyokuwa safi, kisha nikaipangusa tena. Halafu nikafungua kabati, nikaweka lile kopo mbele yake.

"Hii ndiyo slaidi yako," nikamwambia. "Nimeuharibu mfupa, mwanangu. Ishirini na sita nimeitunga mimi."

Aliliinamia lile kopo. Hakunitukana. Ningemshukuru kama angenitukana.

"Njo ilikuwa moja tu mukubwa, Mama," akasema polepole. "Zingine zote ni batoto. Sasa nitaandika nini?"

Akafunga kitabu, akaondoka, na mimi nikalia mbele ya asidi, kitu ambacho kanuni za usalama za maabara hazikitaji.

Niliyempigia simu alikuwa Ssalongo. Amestaafu zamani, analima vanila huko Mukono, na masikio yake yamepungua kwa hiyo lazima umwungamie kwa sauti. Nilimpigia kelele makosa yangu yote, jengo zima likasikia. Nikajua sasa nitaambiwa habari ya asidi na sikukuu.

"Huyo nyama," akasema, "iko na mkono ngapi?"

"Nini?"

"Mkono. Iko ngapi?"

Vijana, tulikuwa profesa mmoja, mwanafunzi wa shahada ya pili na fundi wa miaka thelathini na minne. Tulikuwa na hadubini ya Kijerumani. Hakuna hata mmoja wetu aliyekumbuka kwamba duvi ana mikono miwili. Kibali kilisema mfupa mmoja kwa kila mnyama, na sisi tukaamini karatasi kuliko mnyama.

Nilimwita Furaha, akapiga simu pwani siku hiyo hiyo. Wale walinzi wa ufukwe walikumbuka vizuri. Jike walimzika juu ya mahali maji yanapofika, wakapanda kijiti. Mkono wa kushoto alikuwa nao.

Lakini kibali cha mfupa wa pili kilidai maelezo: wa kwanza umepatwa na nini? Ilibidi Profesa aambiwe. Alinitazama kana kwamba nimemmwagia asidi yeye, akaenda dirishani, akarudi na huruma.

"Andika hitilafu ya umeme," akasema. "Watu wote wataelewa."

Umeme wa Kampala umebebeshwa dhambi nyingi sana. Umechelewesha mishahara, umefelisha watoto mitihani, umevunja ndoa mbili ninazozijua. Ningeweza kuuongezea mfupa mmoja na usingelalamika. Furaha alikuwa amekaa kando; niliangalia mikono yake juu ya kile kitabu. Nikaandika: "Mfupa niliuharibu mimi, kwa kuuacha kwenye asidi siku nne nikiwa shereheni. Hesabu niliyotoa haikuwa ya kweli." Nikatia sahihi. Profesa akafuta ule mchoro wenye mshale, kwa uchungu, maana mshale ulikuwa umempendeza.

Nikaanza kufunga vitu vyangu nikingoja kufukuzwa. Barua ilipita ofisi nne. Ilipigwa mihuri minne. Hakuna aliyeisoma. Mwezi uliofuata kibali kikatoka, na pamoja nacho mkataba wangu mpya, wenye maneno ya kunipongeza kwa uangalifu kazini.

Furaha alikwenda mwenyewe kwa basi, siku mbili njiani. Alichimba na wale walinzi. Alirudi amebabuka pua, amebeba mfupa ndani ya kitenge, na karatasi zake kwenye bahasha aliyoilalia ili asiibiwe. Aliniambia ameiona bahari. Nikamuuliza ikoje. "Ni maji mingi," akasema, akacheka, na ndipo nilipojua amenisamehe.

Mfupa ule tuliukata pamoja. Umeme ulikuwepo, lakini nilisimama kando ya msumeno kama mtu anayevusha mtoto barabara. Asidi tuliilinda kwa zamu, sindano mkononi. Kipande kilitoka kizuri, rangi ikashika, pete zikaonekana moja baada ya nyingine, pana katikati, zikikaribiana kuelekea nje. Huo ndio utaratibu wa duvi. Mdogo anaweka pete pana kwa sababu chakula chote ni cha kukua. Akianza kutaga, nguvu inakwenda kwenye mayai, pete zinabanana.

Sheria ya kuhesabu ni hii: watu wawili, kila mtu peke yake, bila kusemeshana, kila mtu na karatasi yake. Nilihesabu. Akahesabu. Tukazifungua mbele ya Profesa. Yangu ilisema ishirini na saba. Ya Furaha ilisema thelathini na nane.

Tukarudia, kama sheria inavyosema. Ishirini na saba. Thelathini na nane.

"Tuchukue wastani," Profesa akasema, mtu wa amani.

"Ngoja, Profesa," Furaha akasema. Akaileta picha kwenye skrini ya kompyuta, akaikuza, akanisogezea kiti. "Angalia huku pembeni, Mama. Huku ya mwisho. Zimebanana."

Niliangalia. Niliona mstari mmoja mnene wa zambarau, ule niliouchukulia kuwa ukingo wa mfupa, si pete. Nilivua miwani, nikaifuta, nikaivaa. Nikasogea mpaka pua ikakaribia kioo. Mstari mmoja.

"Hapo kuna ngapi?" nikauliza.

"Kumi na moja."

Zile kumi na moja ndizo zilizokuwa miaka yake ya kutaga. Nilizokuwa nimeziona zote zilikuwa za utoto wake. Mimi, niliyekuwa nikiwakunjia vijana uso, nilikuwa nimemkata duvi vizuri na kumsoma vibaya, na sikujua ni tangu lini macho yalikuwa yakifanya hivyo.

Nikamwambia Profesa aandike ya Furaha. Nikamwambia na slaidi zote nilizohesabu miaka mitatu ya mwisho zitolewe kabatini, mtu mwingine azihesabu upya. Akafungua mdomo, nadhani alitaka kunitetea, nikamwomba asinitetee. Mkataba ulikuwa kwenye mkoba wangu, bado sijautia sahihi. Niliutoa nikauweka juu ya meza yake.

Kisha nikarudi kwenye kiti, nikamwomba Furaha anihesabie zile kumi na moja kwa sauti, polepole, kidole chake kikigusa kioo kila anapopita. Nilitazama kidole. Alipomaliza, nilivua koti jeupe nikampa alishike, kwa sababu msumari wa kutundikia pia sikuuona vizuri, machozi yalikuwa yamenijaa.